Muhula wa Kushikiwa

"Na uji uliokuwa unaletewa wodini, alikuwa anakunywa nani? Kivuli chako?"

Marejeo alisema hivyo akiwa ameshika shati linalochuruzika maji. Mwalimu, mwanamke wa makamo, alikuwa upande wa pili wa kamba, na katikati yao lilining'inia shuka langu la maua, kwa hiyo waligombana bila kuonana uso. Mimi nilikuwa mlangoni na cherehani yangu, nawaona wote wawili. Sijawahi kupata kiti kizuri kama kile.

"Uji aliupika mkeo, si wewe," Mwalimu akamjibu. "Na kama mlijua mtaufanya ushahidi, si mngetia hata sukari."

Madirishani watu wakacheka. Jengo letu lina ua mmoja, bomba moja, na kamba za nguo ambazo kila mtu anadai ni zake. Ukipiga chafya ghorofani, wa chini anakuombea afya. Hapa siri hailali njaa, ikikosa chakula kwako itakula kwa jirani.

"Cheka, jirani, cheka. Rejea tangazo la kazi, sharti la tatu. Mwombaji awe amefundisha chuoni miaka mitatu mfululizo, kwa nafsi yake. Kwa nafsi yake, hayo si maneno yangu. Na wewe muhula mzima ulikuwa umelala chali, mwili na nafsi. Tutaonana jopo la rufaa litakapokaa."

"Tutaonana. Na hilo shati lisuuze tena, lina povu kwapani."

Niwaeleze mapema, maana mimi nikianza na kicheko husahau kisa. Wote wawili walikuwa wakifundisha kilimo katika chuo cha jioni, kile kilichopakana na hospitali ukuta kwa ukuta. Mwalimu alifundisha udongo, Marejeo mbegu. Mikataba yao ilikuwa ya muhula kwa muhula: darasa likipatikana unakula, lisipopatikana unasoma magazeti ya juzi. Basi chuo kikuu kikatangaza nafasi moja ya mhadhiri, ya kudumu. Mwalimu akashinda usaili, Marejeo akawa wa pili, na wa pili hula kwa macho. Akakata rufaa.

Si mtu mbaya, Marejeo. Jina hilo tulimpa sisi kwa kuwa hawezi kukuomba chumvi bila kutaja nani aliandika kuhusu chumvi na katika ukurasa gani. Lakini Mwalimu umri wake ulikuwa unasogea pale ambapo matangazo ya kazi husema "asizidi." Nafasi hii ikimponyoka, nyingine haipo. Alilijua hilo, na sote tulilijua, na ndiyo maana alikuwa anajibu kwa mzaha mkali namna ile.

Kwamba aliumwa, hakuna aliyebisha. Homa ya matumbo ilimkausha akabaki mifupa na macho. Mimi ndiye niliyekuwa nikimwosha uso wodini na kumgeuza ubavu. Mtu hawezi kuinua kijiko, sembuse chaki. Lakini darasa lake lilifundishwa, likafanya mtihani, alama zikatoka, na muhula ukahesabiwa wake.

Hii ilikuwa desturi ya chuo kile, na haijaandikwa popote. Mwalimu akiugua, mwenzake humshikia. Huingia darasani kwa jina la mgonjwa, akafundisha, mkataba wa mgonjwa usikatike. Na mgonjwa akipona, haulizi alishikiwa na nani. Ukiuliza umemwanika mwenzio, kwa sababu utawala ukijua, nyote mko barabarani. Unanyamaza, na siku ukisikia mtu kalazwa, unaingia wewe. Ukishikiwa, utashika. Mwalimu alipotoka hospitali hakuuliza neno. Na alipoomba kazi chuo kikuu aliuhesabu muhula ule, kama ambavyo yeyote kati yao angeuhesabu.

Siku ile ya shuka, alipomaliza kuanika, alikuja akakaa kwenye kigoda changu.

"Shangazi, nahitaji kujua nani alinishikia." Jengo zima huniita Shangazi, hata wanaonizidi umri.

"Ili aje kukutolea ushahidi kwamba hukufundisha?"

"Sitaki aje. Nataka nijue tu, nisije nikamkanyaga mtu mguu nikianza kujieleza."

Akaenda kuuliza. Alivunja mwiko, lakini alivunja kwa adabu, mlango kwa mlango, na kila mara alirudi kwangu na maneno machache kuliko aliyoondoka nayo. Mzee wa mimea alidhani ni yule wa mifugo. Wa mifugo alidhani ni dada wa umwagiliaji. Dada wa umwagiliaji alisema yeye muhula ule alikuwa na mtoto mchanga, na siku zote alidhani ni Marejeo, kwa sababu darasa la Marejeo lilikuwa chumba cha pili.

Mwalimu asingeweza kumwuliza Marejeo. Mimi nikamfuata mkewe bombani, pale ambapo wanaume hudhani tunateka maji tu.

"Si yeye," mke wa Marejeo aliniambia. Akaangalia ghorofani kwanza. "Ila aliisikia sauti ya aliyemshikia. Ukuta wenyewe mwembamba. Anasema ilikuwa ya chini, ya chini sana, kama mtu anayezungumza na sakafu. Na saa zile chaki za mume wangu zilikuwa zinalowana mkononi, Shangazi. Anaandika, zinavunjika kama mkate uliochovywa."

"Mbona hilo halisemi kwenye rufaa yake?"

"Atasemaje? Halina rejea."

Tulicheka, lakini ndoo yake ilijaa ikamwagika na hakuna aliyefunga bomba.

Wanafunzi wa muhula ule walikuwa wameshamaliza na kutawanyika. Mmoja alipatikana, bibi shamba wa wilaya, msichana mrefu mwenye buti za mpira. Mwalimu alikuwa akimwita Dirishani. Hiyo ndiyo ilikuwa tabia yake: majina ya wanafunzi hayamkai kichwani, kwa hiyo huwaita kwa mahali wanapokaa. Dirishani, Mlangoni, Chini ya Feni. Walishazoea, wengine waliitana hivyo hata sokoni.

Dirishani alikuja kwangu mchana mmoja, nikamsogezea kiti karibu na meza ya kukatia vitambaa. Mwalimu alikaa mkabala naye akishikilia mkasi wangu bila sababu.

"Nitakuja kusema, Mwalimu, tena kwa furaha," msichana alisema. "Nani atabisha kwamba hukutufundisha? Muhula ule ndio ulionifanya niipende hii kazi. Sikufichi, kabla yake nilikuwa nasinzia."

"Asante," Mwalimu akasema polepole. "Unakumbuka nini?"

"Kila kitu. Ulikuwa umekonda, tukajua unaumwa, tukaona haya kukuuliza. Halafu uliacha kutuita Dirishani na Mlangoni. Ulituita kwa majina. Siku ya kwanza tu, mmoja mmoja, bila kusoma popote. Na majina ya mama zetu."

Mkasi uligonga meza.

"Mama zenu?"

"Ndiyo. Tulifurahi sana. Na hukuandika ubaoni hata mara moja. Ulikuja na udongo kiganjani, mbichi, ukatuwekea mezani tabaka kwa tabaka. Tabaka la juu wanakaa wepi, la chini yake wepi. Nani anamlalia nani. Tukadhani unatania. Lakini mtihani ulipokuja tuliona kama tumeshashuka huko wenyewe." Akacheka kidogo, akajifuta mikono kwenye magoti, ingawa haikuwa na kitu. "Jambo moja tu lilitushinda. Ulikuwa unasimama mlangoni, huingii. Husemi neno mpaka mmoja wetu akuambie karibu. Kila siku. Na vitafunwa tulivyokuletea hukugusa. Ulisema hujakaribishwa kula, umekaribishwa kufundisha."

Nilitazama mashine yangu. Mguu wangu ulikuwa umesimama juu ya kanyagio tangu sijui saa ngapi.

Alipoondoka, Mwalimu alikaa pale akiuangalia unyayo mmoja wa buti uliobaki sakafuni. "Shangazi, mimi tabaka nafundisha kwa rangi na mchanga," akasema. "Kwa vitu vilivyomo. Sijawahi kufundisha nani."

"Mwanangu, wakikuuliza, kataa."

"Nikikataa, kazi ni ya Marejeo."

"Basi iwe yake."

"Wewe una cherehani, Shangazi," alisema, bila kunikasirikia. "Nguo hazikuulizi umri."

Jopo lilikaa katika ukumbi mdogo wa chuo kikuu, wenye viti vya kukunja na feni iliyogonga kila ilipomaliza mzunguko. Mwenyekiti wao alikuwa mama mtu mzima mwenye miwani ya kamba, mpole, wa kumwita kila mtu ndugu. Marejeo alijitetea mwenyewe, ungetegemea nini. Alitaja vifungu mpaka mjumbe mmoja akavua kiatu chini ya meza. Akatoa hati ya hospitali ya kulazwa na ya kuruhusiwa. Akamtaja mkewe na uji. Kisha akaniita mimi.

Nilisema kweli. Nilisema Mwalimu alikuwa hoi, dripu mkononi, hawezi kugeuka mwenyewe.

"Ulikuwa naye muda gani, ndugu?" mwenyekiti akaniuliza.

"Asubuhi mpaka wanapotufukuza saa za kuona wagonjwa zikiisha."

"Na darasa lilikuwa jioni."

"Ndiyo, mama."

"Na chuo kimepakana na hospitali. Jioni hukumwona."

Nilitaka kusema mengi. Nilitaka kusema kuna vitu mtu huvijua bila kuviona. Lakini niliulizwa niliona nini.

"Jioni sikumwona," nikasema.

Akaja Dirishani, akasimulia yale yale, na alisimulia vizuri mpaka wajumbe wakaacha kuandika. Nilimwona mwenyekiti akivua miwani. Unaona kabisa jambo linavyojijenga kichwani mwake: mwanamke mgonjwa, anachomoa dripu, anapita kwenye uzio kwenda kuwafundisha vijana, anarudi kitandani kabla nesi hajapita. Hadithi tamu. Hata mimi ningeipenda kama nisingemwosha yule mgonjwa miguu.

"Ndugu Mwalimu," akasema, "sharti ni kwa nafsi yake. Nakuuliza wewe mwenyewe, na umeapa. Yule aliyesimama darasani muhula ule, alikuwa wewe?"

Feni iligonga. Mwalimu alinyanyua uso na kabla hajafungua kinywa, Marejeo aliinuka nusu kutoka kwenye kiti chake. Huyu ndiye aliyemshitaki, na jibu la hapana lingempa yeye kazi. Lakini alivyoinuka alikuwa na uso wa mtu anayemwona mtoto akikaribia kisima.

"Jirani," akamwambia kwa sauti ndogo. "Sema hapana. Si kwa ajili yangu. Niliisikia ile sauti. Usiseme ilikuwa yako."

Ilikuwa mara ya kwanza kumsikia akizungumza bila rejea.

"Ndugu, kaa," mwenyekiti akasema.

Mwalimu alimtazama Marejeo, akaitazama na meza ya wajumbe.

"Nilikuwa mimi," akasema.

Hakuna kilichotokea. Nasema hivi kwa sababu nilikuwa nangoja kitokee. Feni iliendelea, mjumbe akavaa kiatu chake. Ila nilisikia harufu ya udongo ulionyeshewa, nikatazama dirishani, na nje jua lilikuwa linawaka juu ya magari ya wakubwa. Jopo likaenda faragha, likarudi, likasema mwombaji ametimiza sifa, rufaa imetupwa. Mwenyekiti akaongeza yake kuhusu moyo wa kazi, kwamba laiti wahadhiri wote wangekuwa hivyo.

Mimi sijui kufurahi peke yangu. Jumamosi yake nilipika sufuria ile kubwa, ya kuazima watu wakiwa na shughuli, nikatandika mikeka sebuleni mpaka ukumbini, nikaliita jengo zima. Adhuhuri nyumba ilikuwa imejaa, wengine wamekalia ndoo zilizofunikwa. Mke wa Marejeo alileta wali wake na uso wa kuomba radhi. Baadaye akaja na mumewe. Nilidhani atasimama tu, lakini alikwenda moja kwa moja kwa Mwalimu akampa mkono.

"Hongera, jirani. Nimeshindwa."

"Kaa ule," Mwalimu akamwambia. "Leo hapana sukari wala chumvi ya kubishania."

Akakaa. Watu wakapumua. Dirishani alikuwepo, anawachekesha wazee wa mimea na mifugo kwa kuwaita Pembeni na Karibu na Sufuria. Mwalimu alikuwa ubavuni kwangu, tonge mkononi, amevaa gauni nililomshonea kwa ajili ya siku ya kwanza kazini. Nakumbuka nilikuwa nataka kumwambia pindo la kushoto limeshuka kidogo.

"Hodi," mtu akasema mlangoni.

Maneno yalikatika nyumba nzima, si kwa sababu ya hodi yenyewe. Sauti ilikuwa ya Mwalimu, na Mwalimu alikuwa ubavuni kwangu na wali mdomoni.

Alisimama nje ya kizingiti, ncha za vidole vya miguu sambamba na ubao, hazijauvuka hata unywele. Uso ulikuwa ule niliokuwa nikiuosha wodini, mifupa na macho. Alikuwa amejifunga khanga yangu. Nilimwazima Mwalimu khanga ile alipolazwa, na siku ya kuruhusiwa tuliitafuta mpaka chini ya kitanda tusiione. Naijua, nilikunja pindo lake kwa uzi mwekundu, mweupe uliponiishia. Miguu yake ilikuwa na tope mpaka kwenye vifundo. Ua mzima ulikuwa umekauka, nguo zinapigwa na jua kambani.

Akatusalimia. Alizunguka na macho, mmoja mmoja, kwa majina, na majina ya mama zetu. La mama yangu sijalisikia kinywani mwa mtu tangu tulipomzika. Alilitamka kama mtu aliyetoka kuzungumza naye asubuhi.

"Shikamoo, Mwalimu," Dirishani akasema kutoka mkekani, kwa mazoea, kisha akajiziba mdomo, akatazama huku na huku.

"Marahaba, binti yangu. Umekua." Halafu akamgeukia Mwalimu. Hakuwa na hasira hata kidogo, na hilo ndilo lililonitisha. "Mwenzangu, nimekuja. Sikutaka kukusumbua. Nilisikia mnavyoishi, kwamba akiugua mmoja mwingine humshikia. Wewe ulikuwa umefika kwetu nusu, nikaona darasa lako litabaki wazi. Nikakushikia."

Mwalimu akalirudisha tonge sahanini.

"Sikuuliza lini utanilipa zamu yangu, kwa sababu kwenu hamuulizi. Nilingoja tu. Halafu nikasikia umewaambia wakubwa kwamba ulikuwa wewe."

"Nilihitaji ile kazi," Mwalimu akasema.

"Najua. Sikulaumu. Umesema wewe ndiye mimi, na umeapa, na mimi nimekubali. Basi nimechoka, mwenzangu. Mwili unaniuma. Nishikie na mimi kidogo."

"Muhula gani?"

Yule akafikiri, kama mtu anayetafuta namna ya kumweleza mgeni.

"Kwetu hakuna mihula," akasema.

Pale mkekani mkono wa Mwalimu ulilishika gauni langu, ukalikunja. Marejeo alikuwa karibu nami upande wa pili. Alininong'oneza bila kugeuza kichwa, "Shangazi. Anangoja neno la mwenye nyumba. Usimkaribishe. Akikaa siku nzima pale, akae, lakini usiseme lile neno."

Na ni kweli alikuwa anangoja. Hakumtazama tena Mwalimu. Alinitazama mimi, na sufuria iliyokuwa mbele yangu, na tena mimi. Nilimwona akimeza mate. Nikakumbuka maneno ya Dirishani, kwamba muhula mzima alisimama mlangoni, akafundisha mpaka watoto wa watu wakaipenda kazi, na hakuna aliyemwambia kula. Alikuwa mgonjwa yule. Nimewaona wagonjwa. Khanga ilikuwa inamzunguka mara mbili.

Mkono wa Mwalimu ulizidi kunivuta. Nikaufunika kwa wa kwangu, baridi kwa baridi, nikaubana, aelewe kwamba sijamwachia. Maana najua jambo moja la nyumba yenye watu: mgeni haondoki na mtu katikati ya chakula. Hujikalia, husogezewa, huongezwa. Na sufuria ile haijawahi kuisha siku moja.

Nikamsukuma Marejeo ajibane kwa mkewe, nami nikasogea, nafasi ikapatikana mkekani, katikati yangu na Mwalimu.

"Mambo ya zamu tutayazungumza watu wakishashiba, mwanangu," nikamwambia yule wa mlangoni. "Maji ya kunawa hayo hapo. Karibu ndani, uje ule."